Jinsi ya kufuatilia maisha ya wanamuziki weusi wa Marekani enzi za ubaguzi (bure, kwa simu tu)

Kama unapenda bluzi na jazi za zamani alafu umechoka na stori za vijiweni kuhusu hawa watu, nyaraka zao zipo, nyingi zimeskaniwa na hulipi kitu. Kazi kubwa ni kujua nani alikuwa anaongea karatasi ilipojazwa.

Anza na sensa. Wamarekani wanafunga majina ya sensa miaka 72, ndo maana ya 1950 imefunguliwa 2022, ingia tovuti ya Nyaraka za Taifa ya kwao au FamilySearch, tovuti ya bure ya kutafuta ukoo. Jaribu spelingi zote za jina, karani aliandika alivyosikia. Mi naipenda ya 1940 maana aliyejibu maswali amewekewa x ndani ya duara pembeni ya jina, so unajua kama ni mwenyewe ama ni mwenye nyumba anakisia umri wa mpangaji. Na kwenye kazi usitegemee kuona mwanamuziki, wengi wameandikwa vibarua tu. Muddy Waters, gwiji wa bluzi, aliporekodiwa na Maktaba ya Bunge la Marekani 1941 alikuwa bado anafanya kazi shambani Mississippi.

Tarehe ya kuzaliwa usiiamini hata kama kaitaja mwenyewe. Louis Armstrong alikuwa anasema 4 Julai 1900, alipokwisha kufa ndo rekodi ya ubatizo ya kanisa katoliki New Orleans ikaonekana, imeandikwa Kilatini, 4 Agosti 1901. Makanisa msiyaruke jamani.

Cheti cha kifo kisome mpaka mgongoni! Cha Robert Johnson, mpiga gitaa wa bluzi aliyefariki Mississippi Agosti 1938, kwenye chanzo cha kifo wameandika hakuna daktari, basi. Geuza nyuma, maelezo mengi ni ya mzungu mwenye shamba alikofia, eti kwa maoni yake marehemu alikufa kwa kaswende. Hapo utajua mtu mweusi alikuwa anazikwaje kuliko ile ngano kwamba Johnson alimuuzia shetani roho njia panda ili ajue gitaa.

Kuhusu safari, chukua ratiba ya bendi kwenye Chicago Defender, gazeti la weusi la Chicago (mara nyingi la kulipia, pitia maktaba ya chuo) alafu fungua Green Book ya mwaka huohuo, kitabu cha mwongozo kwa wasafiri weusi cha Victor Green, mfanyakazi wa posta wa Harlem, mtaa wa weusi New York, aliyeanza kukitoa 1936. Maktaba ya umma ya New York imeyaweka matoleo yake mtandaoni. Utaona hoteli na nyumba za watu zilizopokea weusi, mji kwa mji. Mji ukiwa haumo kabisa, angalia wa jirani, na kama nao haumo basi kuna uwezekano walilala kwenye basi.