Ukiibiwa joki, anza na ushahidi kabla ya kupiga kelele

Mchekeshaji mwenzangu, siku ukiwasha TV ukamkuta mtu anavuna makofi kwa joki yako, hasira itapanda na una haki kabisa, ila kabla hujapost jiulize kilichochukuliwa ni wazo au ni maneno, manake hakimiliki hailindi wazo. Konda kukunyima chenji ni joki ya nchi nzima. Lakini ukimuingiza bibi yako kashuka Mbagala na kuku wake, konda akamshika kuku mguu mpaka nauli itoke, hiyo sasa ni yako, na atakayeichukua ataumbuka haraka.

Angalia kesi ya Marekani. Tom Brady, mchezaji wa timu ya Patriots, alisema gari alilopewa kwa kuwa mchezaji bora wa Super Bowl 2015, yaani fainali ya futiboli ya Kimarekani, atampa aliyewashindia mechi. Mwandishi wa joki Alex Kaseberg akaandika mtandaoni basi gari liende kwa Pete Carroll, yaani kocha wa timu iliyofungwa! Muda mfupi baadaye mchekeshaji Conan O'Brien akatoa joki hiyohiyo kwenye shoo yake ya TV. Kaseberg akamshtaki 2015, upande wa Conan ukasema hawakuiba, ni mawazo yamegongana, na kusema kweli kwa habari ambayo kila mtu kaisikia hilo linawezekana sana. 2017 jaji akasema joki za namna hiyo zina ulinzi mwembamba, lazima zifanane karibu neno kwa neno, na 2019 wakamalizana nje ya mahakama. Miaka minne hiyo!

Kwa hiyo jipange mapema. Kila ukipanda stejini rekodi kwa simu, hata kama watu ni kumi tu, alafu joki iandike yote mwanzo mpaka mwisho ujitumie kwa imeili ili tarehe ibaki. Skripti ndefu peleka COSOTA, ofisi ya hakimiliki Tanzania, au KECOBO, ya Kenya. Ukihisi umeibiwa andika joki ya huyo mtu neno kwa neno uiweke pembeni ya kwako, uone kama mpangilio, mfano na panchi, yaani ule mstari wa mwisho unaochekesha, vyote vimefanana, na kama aliwahi kukusikia. Moja ikifanana inaweza kuwa bahati mbaya, ila zikiwa tatu na mlikuwa shoo moja hapo kuna jambo.

Mpigie simu yeye kwanza, akigoma nenda kwa promota na klipu zako. Kumvamia stejini kuna gharama, mchekeshaji Joe Rogan alimfanyia hivyo mwenzake Carlos Mencia, akimtuhumu kuiba joki, pale klabu ya Comedy Store huko Marekani 2007, video ikasambaa dunia nzima, na Rogan naye akakaa miaka bila kupanda steji ile.

Na wewe unayeandikia TV, usimwage joki zote kwa mdomo kwenye mkutano. Tuma kwa imeili, taja tarehe na idadi ya joki, na malipo yajadiliwe kabla hawajaanza kushuti.