Jinsi ya Kuomba Mahakama Iachie Gari Lililokamatwa Likiwa na Pombe Nchini India
Kwanza uliza kama shauri la kulitaifisha gari limekwisha kufunguliwa mbele ya mkuu wa wilaya, kwa sababu katika jimbo kama Bihar, lililopiga marufuku pombe mwaka 2016, sheria inamfunga mikono hakimu wa kawaida, na ombi lililopelekwa kwake hugonga ukuta.

Pasipo kizuizi hicho, peleka ombi chini ya kifungu cha 497 cha sheria mpya ya mwenendo wa makosa ya jinai (zamani 451), ukiambatanisha kadi ya gari, bima na hati ya ukamataji. Linganisha namba ya chesisi katika karatasi zote, maana tarakimu moja ikipishana, mwendesha mashtaka ataing'ang'ania hiyo hiyo.

Hoja yenye uzito ni hukumu ya Mahakama ya Juu ya mwaka 2002 katika shauri la Sunderbhai Ambalal Desai, iliyosema magari yasiachwe kuozea uani mwa kituo cha polisi, bali yapigwe picha, kisha wenye magari wakabidhiwe kwa dhamana. Ikiwa dereva alipakia chupa bila wewe kujua, lieleze hilo kwa kiapo.

Ukishakabidhiwa, usiliuze wala kulibadili rangi kabla kesi haijaisha.