Namna ya kuandaa utetezi wa mtu aliyetenda kosa bila fahamu

Kifungu cha 10 cha Kanuni ya Adhabu ya Tanzania, Sura ya 16, kinasema kwamba mtu hawajibiki kijinai kwa kitendo kilichotokea bila utashi wake, isipokuwa pale sheria inapoadhibu uzembe. Kabla ya kukitegemea kifungu hicho, chunguza kwanza kilichompotezea mshtakiwa fahamu.

Chanzo kikiwa ni maradhi yanayoathiri akili, hoja inahamia kifungu cha 13, kinachohusu utetezi wa wazimu, na kwa kuwa kifungu cha 12 humchukulia kila mtu kuwa na akili timamu, ni mshtakiwa anayepaswa kuthibitisha kinyume chake. Hata akifaulu, huenda asirudi nyumbani, bali apelekwe hospitali ya magonjwa ya akili. Hoja hii itolewe mapema, shtaka linaposomwa, ili mahakama iamuru uchunguzi wa daktari.

Mpaka kati ya njia hizo mbili, ya kifungu cha 10 na ya kifungu cha 13, ni mwembamba. Nchini Uingereza, katika kesi ya Quick ya mwaka 1973, hatia ya muuguzi mwenye kisukari ilitenguliwa kwa sababu sukari yake ilidaiwa kushushwa na insulini, yaani kitu cha nje. Lakini Hennessy, mwaka 1989, mgonjwa mwingine wa kisukari ambaye hakutumia insulini na sukari ikapanda, aliambiwa kuwa utetezi wake ni wa wazimu. Kitabibu mgawanyo huo hauna maana kubwa, nami sioni kwa nini sindano iamue nani aitwe kichaa. Hata hivyo wakili auzingatie, maana maamuzi ya Uingereza, ingawa hayazifungi mahakama zetu, huweza kuzishawishi.

Aliyejilewesha kwa hiari hana nafasi hapa. Kifungu cha 14 humlinda hasa aliyeleweshwa bila ridhaa yake.

Katika ushahidi, neno “sikumbuki” halitoshi, kwani mtu anaweza kusahau jambo alilolitenda akiwa na fahamu zake zote. Kusanya kadi ya kliniki, majina ya dawa na mashahidi waliomwona kabla na baada ya tukio, na suala hili litajwe tangu kwenye maelezo ya onyo, yaani yale mshtakiwa anayoandikisha polisi baada ya kuonywa, lisije likaonekana limebuniwa baadaye. Kwa dereva mwenye kifafa, tafuta pia ushahidi wa alichojua kabla ya kushika usukani: ikiwa alikwisha kuanguka mara kadhaa na daktari akamkataza kuendesha, upande wa mashtaka utamshika kwa uzembe wa kuamua kuendesha, hata kama wakati wa ajali hakuwa na fahamu.