Somo: Luano hadi Kolwezi kwa VFR (kuruka kwa kuona kwa macho) msimu wa mvua

Kuanzia Novemba hadi Machi, anga la Lubumbashi, jiji lenye uwanja wa ndege wa Luano, huweza kuwa safi asubuhi na kufunga kabisa alasiri. Ondokeni mapema. Hatua hizi ni za ndege ya aina ya Cessna 172. Safari ni maili 130 hivi za anga, kama saa 1 na dakika 20.

1. Hesabu wingu kutoka usawa wa bahari. Hapa ndipo wengi wanapokosea. METAR (taarifa ya hali ya hewa ya uwanja) hupima wingu kutoka ardhi ya uwanja. Luano iko futi 4,295, kwa hiyo BKN018 (wingu linalofunika sehemu kubwa ya anga, futi 1,800 juu ya uwanja) ni wingu la futi 6,100 hivi kutoka usawa wa bahari. Kolwezi iko futi 5,007: wingu hilohilo linakuachia futi 1,100 tu, na ndani ya mvua hushuka zaidi. Kwa maoni yangu, chini ya BKN030 pale Luano ndege ibaki imefungwa kamba, hata kama sheria ingekuruhusu.

2. Beba mafuta ya kwenda, ya kurudi Luano bila kutua, na dakika 45 juu yake. Kwa lita 35 kwa saa ni lita 120.

3. Toa maji kwenye kila tangi na kwenye kichujio. Mafuta ya Avgas 100LL ni ya buluu. Maji hayana rangi. Chupa ikijaa maji matupu utadhani mafuta ni safi, kwa hiyo ishike mbele ya karatasi nyeupe na uitafute buluu.

4. Angani, mizunguko ya injini ikishuka bila wewe kugusa gesi, barafu imeanza kwenye kabureta, hata kama nje kuna nyuzi 20. Vuta joto la kabureta lote, si nusu. Injini itakohoa ikimeza maji ya barafu. Usirudishe, subiri itulie.

5. Usipoona tena kilomita 5 mbele, geuka. Kwa mwendo wa noti 100 (maili 100 za anga kwa saa), kilomita 5 huisha kwa sekunde 97, na kugeuka kurudi, bawa likiinama nyuzi 17, kunakula karibu sekunde 60. Kwa hiyo angalia nyuma mara kwa mara: wingu lisikufungie mlango.

Maswali ya wanachama

Mwalimu, nikishika barabara ya Likasi chini ya wingu, si nitafika tu?
Barabara inakupa njia, haikupi urefu. Likasi ina vilima, na nyaya za umeme mkubwa huzioni kwenye mvua. Ukiifuata, kaa kuume kwake uione kwa dirisha lako la kushoto.

Mvua nyembamba je, nikiona upande wa pili?
Ukiiona ardhi yenye mwanga ng'ambo, na hakuna radi, pita, huku joto la kabureta likiwa limevutwa. Penye radi, kaa maili 20 mbali.

Kwa nini kwenye mvua watu hutua kabla ya piste (njia ya kutulia ndege)?
Kioo kilicholowa hupinda mwanga. Unajiona uko juu kuliko ulivyo, unashusha pua. Amini altimeta (kipimo cha urefu), yenye QNH ya uwanja unaoufikia, yaani shinikizo la hewa linaloifanya isome urefu kutoka usawa wa bahari.

Na sindano ya mwendo ikianguka ghafla?
Maji yameingia kwenye pito (mrija wa nje unaopokea hewa ya kupimia mwendo). Washa joto la pito. Usiifukuze sindano kwa kusukuma pua: shika mkao wa ndege na mizunguko uliyokuwa nayo. Altimeta nayo ikiganda, fungua tundu la akiba la hewa tulivu.