Somo: Neno tilth katika Kiingereza cha kilimo, maana zake na namna ya kulitumia

Anayesoma vitabu vya kilimo vilivyoandikwa Uingereza, au maelekezo ya upandaji yanayochapwa kwenye pakiti za mbegu za mboga kutoka huko, hachukui muda mrefu kabla ya kukutana na sentensi inayomtaka apige reki mpaka apate a fine tilth. Akilifasiri neno hilo kuwa "kilimo" au "ulimaji", sentensi inakosa maana, kwa sababu hakuna mtu anayeweza kupiga reki mpaka apate kilimo laini. Somo hili ni kwa wanafunzi wa kilimo, mabwana na mabibi shamba, na wafasiri wanaotayarisha vipeperushi vya wakulima. Naomba lisomwe kwa mpangilio wa hatua, maana hatua ya tatu ndiyo inayobeba nyingine zote.

Hatua ya kwanza: Lijue umbo la neno

Neno hili hutamkwa kwa i fupi, na sauti yake ya mwisho ni ile ile ya th tunayoitamka katika "thamani". Limetokana na kitenzi till, yaani kulima, ambacho katika Kiingereza cha kale kilikuwa na maana pana zaidi ya kujitahidi na kushughulikia jambo kwa bidii. Kiambishi th huzalisha jina kutoka kwa kitenzi, kama vile grow inavyozaa growth. Kwa kawaida neno hili halina wingi, na halitanguliwi na a isipokuwa pale linapoandamana na kivumishi. Lisichanganywe na tithe, ambalo ni fungu la kumi, wala na till yenye maana ya droo ya fedha dukani, kwa kuwa hayo ni maneno ya ukoo mwingine kabisa.

Hatua ya pili: Tenganisha maana tatu

Maana ya kwanza ni kazi yenyewe ya kulima, na siku hizi hukutwa zaidi katika maandishi ya zamani. Maana ya pili ni ardhi iliyolimwa, kwa kuitofautisha na msitu au malisho. Katika tamthilia ya Shakespeare iitwayo The Tempest, mzee Gonzalo anaeleza namna ambavyo angekitawala kisiwa, na anapotaja mambo ambayo yasingekuwepo huko, kama mipaka ya ardhi na mashamba ya mizabibu, analitaja pia tilth. Maana ya tatu, ambayo ndiyo utakayoikuta katika karibu kila kitabu cha kilimo cha leo, ni hali ya udongo: jinsi ulivyokatika, ulivyoshikana na ulivyo tayari kupokea mbegu, maji, hewa na mizizi. Kuanzia hapa nazungumzia maana hii ya tatu.

Hatua ya tatu: Kielewe kwa mkono kitu kinachotajwa

Udongo umeundwa kwa chembe za ukubwa mbalimbali. Chembe za mfinyanzi ni ndogo kuliko milimita 0.002, na za mchanga hufika hadi milimita 2. Uwiano wa chembe hizo hubadilika kwa shida sana, na mkulima aliyerithi shamba la mfinyanzi atalima mfinyanzi maisha yake yote. Lakini chembe hizo hazikai peke yake. Huunganishwa na mboji, na utando unaotolewa na vijidudu vya udongoni, na nyuzi za kuvu pamoja na vijizizi, zikawa punje punje zenye nafasi kati yake. Nafasi kubwa hupitisha hewa na kuteremsha maji ya ziada, na nafasi ndogo huyahifadhi maji ambayo mmea utayanywa baadaye. Mpangilio huo wa punje na nafasi ndio ambao Mwingereza anauita tilth, na huo, tofauti na uwiano wa chembe, unaweza kujengwa kwa miaka na kuharibiwa kwa asubuhi moja, trekta zito likiingia shambani wakati udongo umelowa.

Namna nzuri ya kuuona ni hii. Chukua sepetu, chimba bonge la udongo lenye upande wa sentimita 20 kila upande, wakati udongo una unyevu wa wastani. Liachie lianguke kutoka kimo cha mita 1 ndani ya beseni lenye ubao mgumu chini. Vipande vikubwa vilivyobaki viinue na kuviangusha tena, lakini kipande kimoja kisizidi mara tatu. Kisha mwaga udongo wote juu ya turubai na uupange kwa mkono, vipande vikubwa upande mmoja na punje ndogo upande mwingine. Udongo wenye hali nzuri utakuwa na punje nyingi zisizozidi ukubwa wa punje ya kunde, zenye kingo za mviringo, na ukizibonyeza kwa vidole zinaachana bila kung'ang'ania. Udongo ulioharibika utakupa mabonge yenye kingo kali na pande bapa, na ukilivunja moja utaona mizizi imelizunguka kwa nje kwa kushindwa kupenya ndani. Mwanafunzi aliyefanya jaribio hili, hasa akichukua udongo wa shambani na kuulinganisha na ule wa chini ya uzio ambao haujawahi kulimwa, hatakuwa na haja tena ya kukariri maana ya neno.

Hatua ya nne: Angalia kivumishi na zao

Neno hili karibu kila mara huwa na kivumishi, na kivumishi hicho hufuata ukubwa wa mbegu. Fine tilth hutakiwa kwa karoti, vitunguu, mchicha na vitalu vya tumbaku, kwa sababu mbegu ndogo hunywa maji ya udongo unaoigusa, na ikiangukia kati ya mabonge mawili itabaki inaning'inia kwenye hewa na kukauka. Karoti ina sababu ya ziada, kwani mzizi wake ukikutana na bonge hugawanyika ukawa na panda. Coarse tilth, yaani udongo uliokatika kwa vipande vikubwa kiasi, huwatosha mahindi na maharage. Wakulima wa Uingereza wanaopanda ngano kabla ya majira ya baridi huacha vijibonge juu kwa makusudi, ili mvua isiupige udongo uliosagika na kuufanya ukoko ambao mche hauwezi kuupasua. Kwa hiyo laini kupita kiasi ni kosa pia, na mfasiri asidhani kwamba kila penye neno hili panadaiwa udongo kama unga.

Kwa karanga mambo ni mazito zaidi, na hapa ipo historia inayotuhusu. Mwaka 1946 serikali ya Uingereza ilituma ujumbe wa wataalamu Tanganyika, na mwaka uliofuata kazi ikaanza Kongwa katika mradi uliokusudia kulima karanga kwenye zaidi ya ekari milioni 3. Karanga hutoa ua juu ya ardhi, kisha kikonyo hurefuka, huinama na kujichomeka udongoni, na ganda hukomaa humo humo. Zao hili basi linauhitaji udongo uliolegea mara mbili: kikonyo kinapoingia, na mkulima anapong'oa. Udongo wa Kongwa ulikuwa na mfinyanzi uliokauka ukawa mgumu kama tofali mvua zilipokatika, pamoja na mchanga uliokwangua na kumaliza vyuma vya majembe, hata kung'oa karanga kukawa shida kubwa. Mradi ulifutwa Januari 1951 baada ya kumeza zaidi ya pauni milioni 30. Uhaba wa mvua na ubovu wa mitambo vilichangia sana, lakini kwa somo letu inatosha kuona kwamba trekta nyingi ziliulima udongo ule bila kuuacha katika hali ambayo karanga inaihitaji. Kulima kulikuwepo, tilth haikudumu.

Hatua ya tano: Angalia kitenzi kinacholitangulia

Waingereza husema udongo hufanyiwa kazi mpaka ufikie tilth, kwamba tilth hutengenezwa, hutunzwa, au hupotea. Vitenzi hivi vinathibitisha kwamba kinachosemwa ni matokeo. Lipo pia neno frost tilth, linalofungamana na hali ya hewa ya kwao: mfinyanzi mzito hupigwa plau mwezi wa Oktoba au Novemba, ukaachwa na mabonge yake, na maji yaliyomo ndani huganda wakati wa baridi kali. Maji yakiganda hutanuka kwa takriban asilimia 9, hivyo hulipasua bonge kutoka ndani, na ifikapo Machi haro nyepesi, yaani zana ya meno au visahani inayokokotwa kuvunja mabonge baada ya plau, inatosha. Sentensi ya namna hii isifasiriwe kama maelekezo kwa mkulima wa Dodoma au Kitui, ambako baridi hiyo haipo na kazi ya kupasua mabonge hufanywa na kulowa na kukauka kwa udongo.

Hatua ya sita: Chagua Kiswahili chake kwa uangalifu

Kishawishi kikubwa ni kuandika "udongo tifutifu", kwa kuwa neno hilo ni ndugu wa kutifua na linasikika kuwa ndilo. Tatizo ni kwamba mashuleni tumefundishwa aina tatu za udongo, yaani kichanga, mfinyanzi na tifutifu, na katika mgawanyo huo tifutifu ni aina, ambayo shamba linayo au halina. Kipeperushi kinachosema "panda kitunguu kwenye udongo tifutifu", huku matini ya asili ikisema tilth, kinamwambia mkulima wa mfinyanzi kwamba ardhi yake haifai, ilhali mwandishi alikusudia kumwambia auandae vizuri. Hili linaniuma kwa sababu mtu anaweza kuacha zao lenye tija kwa kosa la mfasiri. Mimi hupendelea kufafanua kwa sentensi. Rake the bed to a fine tilth huwa "Piga reki kwenye tuta mpaka mabonge yaishe na udongo ukatike laini." The soil was in good tilth huwa "Udongo ulikuwa umetifuka vizuri, tayari kwa kupandwa." Pale ambapo jina haliepukiki, kama kwenye kichwa cha sura au jedwali, "hali ya utifukaji wa udongo" linatosha, mradi lielezwe mara ya kwanza linapotokea.

Maswali ya wanachama

Mwalimu wa sekondari, Singida: Shikamoo mwalimu mwenzangu. Wanafunzi wangu huandika tillage na tilth kana kwamba ni kitu kimoja. Niwaeleze nini?

Marahaba. Waeleze kwamba tillage ni kazi, na tilth ni hali ya udongo ambayo kazi hiyo inaweza kuileta au kuiharibu. Wape sentensi moja ya kusahihisha: shamba linaweza kupigwa haro mara tano, likawa na tillage nyingi na tilth mbaya, kwa sababu kila mzunguko wa trekta ulisaga punje zikawa vumbi juu na kushindilia tabaka la chini. Katika tambarare za Marekani miaka ya 1930, ardhi iliyoondolewa nyasi na kulimwa hivyo ilipokumbwa na ukame, upepo uliipeperusha, na tufani kubwa la vumbi la tarehe 14 Aprili 1935 linakumbukwa mpaka leo.

Mkulima wa mbuga, Shinyanga: Ndugu mwandishi, udongo wangu ni mweusi, ukilowa unanata kwenye jembe, ukikauka unapasuka nyufa za kuingiza mguu. Je, hali hiyo nzuri unayoisema naweza kuipata?

Inawezekana, ila muda wako wa kufanya kazi ni mfupi, na ndiyo maana lazima uupime. Chukua udongo wa kina cha sentimita 10 hadi 15, uviringishe kati ya viganja utengeneze uzi wa unene wa milimita 3 hivi. Ukikubali kuwa uzi bila kukatika, bado umelowa mno, na jembe litaufinyanga tu, kwa hiyo subiri. Ukikatika vipande vipande kabla ya kuwa uzi, ingia shambani siku hiyo hiyo, maana ukichelewa utakauka ukawa hauingiliki. Zile nyufa usizichukie, kwani kupanuka na kusinyaa huko ndiko kunakokuvunjia mabonge bure. Samadi na mabaki ya mazao vitaurefusha muda huo kidogo kidogo mwaka hadi mwaka.

Bibi shamba, Karatu: Sisi tunahimiza kilimo hifadhi, ambacho mkulima hageuzi udongo. Neno hili lina nafasi gani kwetu, ikiwa asili yake ni kulima?

Lina nafasi kubwa, dada, na maana yake imepanuka ili kuwahudumia ninyi. Vitabu vya sasa huzungumzia udongo usiopigwa plau kuwa uko katika tilth nzuri, kwa sababu minyoo ya ardhini, mizizi na kuvu vimefanya kazi ya kuutengeneza. Charles Darwin alionyesha mwaka 1881 ni udongo mwingi kiasi gani ambao minyoo huupitisha tumboni na kuurudisha juu. Fanya lile jaribio la bonge la sentimita 20 katika shamba lililofunikwa matandazo kwa misimu kadhaa na katika shamba la jirani linalolimwa kila mwaka, mbele ya wakulima wako. Kama shamba la kilimo hifadhi lina tabaka gumu lililoachwa na plau la zamani, livunjeni kwanza, maana minyoo peke yake itachukua miaka mingi.

Mkulima wa mpunga, Mwea: Tunavuruga jaruba likiwa na maji mpaka liwe tope. Hiyo nayo ni tilth?

Hapana. Kuvuruga ni kuharibu punje kwa makusudi, ili maji yasizame na magugu yafe, na kwa mpunga ni jambo jema. Shida hujitokeza baada ya mavuno, unapotaka kupanda nyanya au maharage kwenye jaruba lile lile, kwa sababu tope lililokauka halina nafasi za hewa. Toa maji mapema, subiri lile jaribio la uzi lionyeshe kuwa udongo unakatika, kisha lima na uinue matuta. Ukikosa muda wa kusubiri kati ya misimu, panda zao linalostahimili udongo ulioshikana, na vitunguu uvipeleke kwenye kipande ambacho hakikuvurugwa.