Kuku Kudonoana: Tafuta Chanzo Kabla ya Kukata Midomo

Mfugaji anapokuta tetea wake wa mayai ana mgongo mtupu, mkia umenyonyoka na damu inachuruzika karibu na njia ya yai, jambo la kwanza analosema ni kwamba kuku wamekuwa wakali. La pili ni kuuliza nani katika mtaa anajua kukata midomo. Ninawaomba wafugaji wasimame hapo kwanza. Ndani ya banda moja kuna aina mbili za kudonoana ambazo ukitazama harakaharaka zinafanana, lakini chanzo chake ni tofauti kabisa, na dawa ya moja haitibu nyingine.

Kuzitofautisha hakuhitaji kifaa chochote. Ingia bandani, kaa kimya pembeni mpaka kuku wasahau kuwa upo, kisha tazama. Kuku wanaogombana kweli hukabiliana uso kwa uso. Shingo inanyooshwa, manyoya ya shingo yanasimama, na pigo linaelekezwa kichwani: kwenye upanga, kwenye ndevu, juu ya shingo. Ugomvi huo huisha upesi, kwa sababu mmoja huinamisha kichwa na kupisha. Anayedonoa manyoya hana dalili yoyote kati ya hizo. Huja kwa nyuma au kwa ubavu, mwili umetulia, kichwa kimeinama vilevile kama anavyookota punje kwenye maranda. Huchomoa unyoya mgongoni au juu ya mkia, mara nyingi huumeza, kisha hurudi kuchomoa mwingine. Aliyedonolewa pengine alikuwa anakula tu, au anaoga vumbi. Kwa hiyo vidonda vya kichwani vinakueleza habari moja, na mgongo ulionyonyoka unakueleza nyingine.

Tuanze na ugomvi halisi, maana huo ni rahisi zaidi. Mtafiti wa Norwei, Thorleif Schjelderup-Ebbe, alipenda kutazama kuku tangu utotoni, na mwaka 1922 alichapisha maelezo ya jambo ambalo bibi zetu waliliona uani kila siku: kundi la kuku lina ngazi. Kila tetea anajua nani anaweza kumdonoa na nani lazima ampishe. Ngazi hiyo hujengeka kuku wakiwa bado wadogo, na ikishasimama, mapigano hupungua sana, kwa kuwa kutazamana tu kunatosha kumaliza shauri. Katika kundi dogo kuku hutambuana kwa sura ya kichwa na upanga. Katika banda la mamia ya kuku hawawezi kumjua kila mmoja, hivyo hupimana kwa ukubwa wa mwili na wa upanga, na huvumiliana zaidi.

Kinachovuruga ngazi ni sisi. Leo tunaleta kuku watano kutoka kwa jirani, kesho tunahamisha kumi kutoka banda la pili, keshokutwa tunamrudisha aliyetengwa wiki kadhaa kwa ugonjwa. Kila mara hesabu ya nani ni nani inaanza upya, na inafanywa kwa midomo. Usiingize kuku mmoja peke yake katika kundi lililokaa pamoja muda mrefu. Waingize kadhaa kwa pamoja, na kabla ya hapo wagawe kwa wavu ndani ya banda hilohilo kwa muda wa wiki moja ili waonane bila kufikiana. Siku ya kuwachanganya, fanya usiku, kuku wakiwa wamelala. Jambo jingine ni vyombo. Ukiweka chombo kimoja cha chakula katikati, kuku wa ngazi ya juu wanakizuia, na wa chini wanakula mabaki baada ya kudonolewa. Kila kuku anahitaji kama sentimita 10 za ukingo wa chombo kirefu, na vyombo visambazwe pande mbalimbali za banda, vya maji vilevile, ili mnyonge apate pa kulia bila kupita mbele ya mbabe.

Sasa huku kwenye kudonoana manyoya ndiko kwenye hasara kubwa, na ndiko tunakokosea zaidi. Kuku wetu wote asili yao ni kuku mwekundu wa porini wa Asia ya Kusini-Mashariki. Kuku yule hutumia sehemu kubwa ya mchana akichakura na kudonoa ardhi, na hufanya hivyo hata akiwa amewekewa chakula cha kutosha. Kuchakura kwake si njia ya kushiba tu, ni kazi ambayo mwili unamdai. Kuku wa mayai tuliye naye bandani anahitaji gramu 110 hadi 120 za chakula kwa siku, na chakula hicho kikiwa kizuri, hasa cha punje ngumu zilizoshindiliwa kiwandani, anakimaliza kwa muda mfupi. Tumbo limeshiba, lakini mdomo na miguu bado vinadai kazi yao. Kama chini kuna saruji tupu, au maranda yaliyolowa yakashikana yakawa gamba, kitu pekee kinachochomoka bandani ni manyoya ya mwenzake. Watafiti wa tabia za wanyama wamelipima hili mara nyingi: kuku waliokosa matandazo ya kuchakura, hasa katika wiki za mwanzo, hudonoana manyoya zaidi. Ndiyo sababu nasema huyu kuku hana ugomvi na mtu. Anatafuta chakula mahali pasipo na chakula.

Basi kazi inaanzia kwenye vifaranga. Siku chache za kwanza unaweza kufunika maranda kwa karatasi ili wajue chakula kiko wapi, lakini karatasi iondoke mapema na vifaranga wakanyage maranda makavu au pumba za mpunga. Tabia ya kudonoa chini ikishajengeka katika umri huo inakulinda mwaka mzima. Kwa kuku wakubwa, maranda yawe na kina cha sentimita 5 hadi 10, yageuzwe kwa reki, na yaliyolowa chini ya vyombo vya maji yatolewe siku hiyohiyo. Alasiri, wakati banda limetulia na mayai yameshaokotwa, tupa konzi chache za mtama au mahindi yaliyoparazwa juu ya maranda. Utaona banda zima linageuka migongo na kuanza kuchakura. Funga kabichi au fungu la mchicha kwa kamba, lining'inie usawa wa kichwa cha kuku, ili walipiganie hilo badala ya mkia wa mwenzao. Chakula cha unga nacho huwaweka kazini muda mrefu kuliko cha punje zilizoshindiliwa; kwa kundi lenye tatizo, badili.

Halafu kuna chakula chenyewe. Manyoya yametengenezwa kwa protini, na protini hiyo inahitaji sana methionini, moja ya viungo vinavyojenga protini ambayo kuku huipata kwenye chakula. Mfugaji anayejichanganyia chakula akaegemea pumba za mahindi kwa sababu ya bei, akapunguza mashudu na dagaa, atawaona kuku wanatafuta unyoya kama chakula. Kuku wanaotaga wanahitaji protini ya asilimia 16 hadi 18. Mashudu ya alizeti, ambayo Singida na Dodoma yanapatikana kwa wingi, yana sifa mbili hapa: protini yake ina methionini nyingi kuliko ya soya, na yana nyuzinyuzi zinazokaa tumboni na kumtuliza kuku. Soya nayo ina laisini, kiungo kingine cha protini, ambayo alizeti ina uhaba nayo, kwa hiyo vichanganywe, kimoja kisifukuze kingine. Chumvi isisahauliwe. Upungufu wake peke yake unaweza kuwasha moto wa kudonoana banda zima. Kiasi cha gramu 300 hadi 500 kwa kilo 100 za chakula kinatosha, lakini kama unatumia dagaa waliokaushwa kwa chumvi, punguza, kwa sababu chumvi ikizidi inaua.

Mwanga na joto ni vichochezi. Miale ya jua inayoingia moja kwa moja hufanya kila kidonda chekundu kionekane, na kuku huvutwa sana na damu. Banda jipya lijengwe urefu wake ukielekea mashariki na magharibi ili jua lisipige ubavuni. La zamani lishushiwe pazia la magunia upande wenye jua. Msongamano nao uangaliwe: kwenye maranda, kuku 5 au 6 kwa mita moja ya mraba. Najua wanaoweka 10, na najua sababu, lakini hesabu ya wanaokufa huwa haijumlishwi siku ya kununua vifaranga.

Kipindi cha hatari kuliko vyote ni mwanzo wa kutaga, takriban wiki ya 18 hadi 22. Yai linapotoka, nyama nyekundu ya ndani hujitokeza nje kwa muda mfupi kisha hurudi. Mtetea aliyetagia kwenye mwanga, sakafuni, mbele ya wenzake, hudonolewa hapo hapo, na kidonda hicho ni cha kifo kwa sababu wenzake hufuata mpaka matumbo. Kinga yake ni kiota chenye giza. Kiwe kimoja kwa kila tetea 5, kiwe tayari bandani kabla yai la kwanza halijatagwa, na balbu isielekezwe mlangoni mwake. Usiwaharakishe mitetea kutaga kwa kuwaongezea saa za taa mapema. Mwili ambao haujakomaa hutaga yai kwa shida, na nyama hukawia kurudi ndani. Mtetea mnene kupita kiasi ana hatari hiyohiyo.

Usiku chukua tochi ukague nyufa za fito za kulalia. Utitiri mwekundu hujificha humo mchana na kunyonya damu usiku, na kuku anayewashwa hujidonoa mwenyewe mpaka damu ionekane, wenzake wakamalizia. Ukiuona, muulize afisa mifugo dawa ya kupulizia banda.

Ukikuta damu leo, mtoe majeruhi mara moja, hata kama jeraha ni dogo. Safisha kidonda, paka dawa ya zambarau ya GV (gentian violet), ambayo pamoja na kusaidia kidonda huficha rangi nyekundu, na usimrudishe mpaka apone. Punguza mwanga bandani. Kisha mtafute mdonoaji: katika kundi lililonyonyoka, yule mwenye manyoya kamili na yanayong'aa mara nyingi ndiye. Mtenge huyo, maana kuku wengine hujifunza kwa kumtazama.

Na midomo? Mdomo wa kuku una mishipa mingi ya fahamu. Ni kiungo cha kugusia na kuonjea, na watafiti wameonyesha kwamba mdomo uliokatwa kwa chuma cha moto kwa kuku mkubwa unaweza kuendelea kuuma kwa muda mrefu baada ya kidonda kufunga. Kukata kunapunguza madhara ya pigo, hakuondoi hamu ya kudonoa. Norwei, Uswidi na Finland zimekataza kabisa, na wafugaji wao bado wanauza mayai, kwa sababu walilazimika kurekebisha maranda, chakula na mwanga. Kwa maoni yangu mfugaji mwenye kuku mia mbili hana sababu ya kukata. Anayeona hana njia nyingine, basi ifanyike kwa vifaranga wasiozidi siku 10, na mtaalamu mwenye kifaa chake, ncha tu. Kukata midomo ya kuku wakubwa kwa kisu cha jikoni ni ukatili, na utagaji unashuka juu yake.

Jogoo ana habari yake peke yake. Mwaka 1849, huko Göttingen, Ujerumani, mtafiti Arnold Berthold aliwahasi majogoo wadogo. Waliobaki bila korodani hawakuwika, hawakupigana, na panga zao hazikukua. Waliorudishiwa korodani, hata zikiwa zimepandikizwa mahali pengine tumboni, walikua majogoo kamili, wa kuwika na kupigana. Kwa hiyo ukali wa jogoo una homoni ndani yake, na huwezi kuuondoa kwa adhabu. Ukimpiga teke anaelewa umekubali pambano. Anayeanza kushusha bawa moja na kukuzunguka kwa ubavu anakupima. Kama nyumbani kuna watoto wadogo, jogoo wa namna hiyo asisubiriwe arushe kipi usoni mwa mtoto, auzwe au aliwe, na mayai ya tetea aliowapanda yasilaliwe. Kwa mbegu, jogoo mmoja kwa tetea 8 hadi 10 anatosha. Wakizidi, wanagombana wao na kuwajeruhi tetea kwa kuwapanda mno. Kuku mwenye vifaranga anayekurukia mkononi hana ubaya wowote, mwache alee.

Nimesema mayai ya jogoo mkali yasilaliwe kwa sababu tabia hurithiwa. William Muir wa Chuo Kikuu cha Purdue, Marekani, alilionyesha hilo mwaka 1996. Badala ya kuchagua tetea mmoja mmoja anayetaga sana, alichagua vizimba ambavyo kundi zima linataga vizuri na kuishi pamoja. Vifo vya mwaka katika vizimba hivyo vilishuka kutoka asilimia 68 hadi chini ya 10 ndani ya vizazi vichache, na mayai yakaongezeka. Tetea bora wa kizimba kumbe aliweza kuwa yule aliyewanyang'anya wenzake. Kwa mfugaji wa kuku wa kienyeji anayezalisha mwenyewe, hii ina maana ya kuweka alama. Funga uzi wa rangi miguuni kwa watoto wa kila mama, na unapochagua wa kulalia, chagua kutoka uzao uliokua bila kuchomoana manyoya. Anayenunua vifaranga kiwandani aulize kabla ya kulipa: aina hii inafugwa kwenye maranda au kwenye vizimba, na wazazi wake wana midomo kamili?