Jamaa wakitawanyika, anza na daftari

Simu huibiwa kwenye msongamano wa feri, kwa hiyo usiitegemee. Tafuta daftari gumu. Letu alilianza mamangu 1992, aliposhuka jahazini Mombasa na ndugu zake wakikimbia vita kutoka Barawa, Somalia. Kambi za wakimbizi za Mombasa zilipofungwa miaka hiyohiyo ya tisini, wengine wakaenda London, wengine Columbus na Atlanta. Sisi tukabaki hapahapa Mombasa, mtaa wa Majengo.

Andika kila mtu majina matatu, la mamake, na la utani. La utani usiliache hata kidogo. Huko Marekani jina la babu hugeuzwa la ukoo, herufi zikabadilika, na tarehe ya kuzaliwa ndiyo usiiamini kabisa: kwetu watu saba wamezaliwa Januari 1, kwa kuwa karani aliuliza na hakuna aliyejua. Mjomba mmoja tulimpata kwa "Kidoti" tu, kwa ile alama ya juu ya nyusi.

Aliyepotea kabisa, nenda Msalaba Mwekundu. Wana huduma ya kutafuta jamaa, na ni bure. Zamani majina yalisomwa kwenye Idhaa ya Kisomali ya BBC, wazee wamezunguka redio, hakuna anayekohoa.

Kupiga simu: saa nne usiku hapa, Columbus ni saa tisa alasiri. Novemba wakirudisha saa zao nyuma, inakuwa saa nane.

Habari ya msiba usiiandike kwenye grupu. Mimi niliiandika. Ami alifariki alfajiri, nikatuma maneno mawili nikakimbilia mambo ya sanda. Binti yake alikuwa kazini, zamu ya usiku, peke yake, akayasoma amesimama na ndoo ya kupigia deki mkononi. Miezi minne hakunipokelea simu, na haki yake. Sasa kando ya kila jina nimeandika la mtu anayekaa karibu naye. Huyo ndiye napigia kwanza, aende mlangoni, ndipo nizungumze.

Ukipata msafiri, mpe achari ya maembe. Kaza kifuniko, zungushia seloteipu. Mifuko ya plastiki ilipigwa marufuku 2017, basi ivingirishe kwa leso mpya, yaani kanga. Atakayeipokea hulalamikia harufu ya achari, lakini hiyo leso hajafua.